Uzoefu wangu: seti ya diski za Greta Garbo, kutoka filamu bubu hadi za sauti

Seti yenyewe ni Garbo: The Signature Collection, iliyotoka mwaka 2005, miaka 100 tangu mwigizaji huyu azaliwe Stockholm, Uswidi. Ina diski 10 za DVD. Filamu bubu ni tatu, katika diski mbili: The Temptress na Flesh and the Devil za 1926, na The Mysterious Lady ya 1928. Za sauti ni saba, kuanzia Anna Christie ya 1930 hadi Ninotchka ya 1939, na diski moja ni ya makala ya maisha yake. Kwa anayetaka kujua mwigizaji wa filamu bubu alivukaje hadi kwenye sauti, diski zinazobeba mzigo ni nne tu: mbili za filamu bubu, ya Anna Christie na ya Queen Christina. Nyingine ni nyongeza, ingawa nyongeza nzuri.

Kabla hujalipa, angalia kanda, yaani eneo la dunia ambalo diski imefungiwa. Toleo la Marekani ni la kanda ya 1. Tanzania na Kenya ziko kanda ya 5. Deki iliyofungwa kwa kanda yake itaikataa diski hata kama ni mpya kabisa. Deki inayosoma kanda zote haina shida. Ukitumia kompyuta, kumbuka kwamba kisomaji cha diski kwa kawaida hukuruhusu kubadili kanda mara 5 tu, kisha hujifunga kwenye ile ya mwisho. Jambo la pili ni NTSC, mfumo wa picha wa Marekani. Runinga za siku hizi zinaupokea, lakini runinga ya zamani inayopokea mfumo mwingine wa PAL pekee inaweza kupoteza rangi (hapo huna hasara, filamu zenyewe ni nyeusi na nyeupe) au picha ikawa inapanda na kushuka, na hapo hutazami kitu.

Kisha shika rimoti. Filamu hizi zilipigwa kwa umbo linalokaribia mraba, kwa hiyo weka runinga kwenye 4:3 na ukubali mistari myeusi pembeni. Ukiacha picha ivutwe kujaza kioo, uso wa Garbo unanenepa, na uso huo ndio unaoulipia. Zima pia ule mpangilio wa kulainisha mwendo. Unabuni fremu ambazo hazikuwepo, na kwenye filamu bubu watu wanaonekana kama wanateleza.

Usianze na The Temptress. Anza na Flesh and the Devil, iliyoongozwa na Clarence Brown na kupigwa picha na William Daniels. Muziki wa diski hii ni wa Carl Davis, na unaifuata picha bila kuipigia kelele. Tazama tukio la usiku bustanini, pale John Gilbert, mwigizaji mwenzake, anapowasha sigara: Daniels alimfichia Gilbert taa ndogo kiganjani, ndiyo maana nyuso mbili zinang'aa gizani bila chanzo kingine cha mwanga. Halafu lile la kanisani, Garbo anakigeuza kikombe cha ushirika ili anywe pale pale midomo ya Gilbert ilipogusa. Hakuna kibao cha maandishi kinachoeleza, wala hakihitajiki. Vibao vilivyopo ni vya Kiingereza chepesi na vinakaa muda wa kutosha kusomwa. Kiswahili hakimo popote kwenye seti.

Usipite pia kipande cha dakika 9 cha The Divine Woman ya 1928. Ndicho kirefu kilichobaki cha filamu hiyo; kilipatikana Moscow. Kwenye The Temptress kuna mwisho wa pili, wa furaha. Utazame mara moja tu, utaelewa kwa nini wa kwanza ndio wenyewe.

Sasa Anna Christie. Filamu ya kwanza ndefu iliyosikika watu wakizungumza ilitoka Oktoba 1927, lakini studio ya MGM ilimweka Garbo kwenye filamu bubu hadi mwisho wa 1929. Hofu ya studio ilikuwa lafudhi yake. Suluhisho lilikuwa kuchagua kisa badala ya kubadili ulimi: tamthilia ya Eugene O'Neill kuhusu binti wa nahodha Mswidi, ambapo lafudhi ya Kiswidi ndiyo hasa inayotakiwa. Inapita karibu robo saa kabla hajaingia baa, akajibwaga kitini na kuagiza wiski na soda ya tangawizi kando. Sauti ni nzito, imechoka, na inafanana na uso. Bahati hiyo Vilma Bánky, nyota mwingine wa filamu bubu mwenye lafudhi ya Kihungaria, hakuipata.

Lakini kama filamu, nusu ya kwanza inachosha. Kamera za wakati ule zilikuwa na kelele na ilibidi zifungiwe, maikrofoni zikafichwa karibu na meza, na waigizaji wakabaki wamekaa. Ukitoka moja kwa moja kwenye Flesh and the Devil utaona kamera imeganda. Hilo si kosa la diski.

Kinachofanya diski hii ilipe gharama ni toleo la Kijerumani, lililopigwa mwaka huo huo wa 1930 na Jacques Feyder, likiwa na maandishi ya Kiingereza chini. Garbo ni yule yule, Daniels ni yule yule, waigizaji wengine wamebadilishwa. Pale Marie Dressler wa toleo la Kiingereza alipoijaza baa kwa mbwembwe, Salka Viertel wa toleo la Kijerumani anatulia, na Garbo naye anashuka, anakuwa mkavu zaidi. Weka tukio la baa la matoleo yote mawili, moja baada ya jingine. Kwangu mimi la Kijerumani linashinda.

Queen Christina ya 1933 inamaliza ubishi wa mambo mawili. Gilbert yumo, na sauti yake haina kasoro. Uvumi kwamba sauti nyembamba ndiyo iliyomwangusha unaupima kwa masikio yako. La pili ni tukio la chumba cha nyumba ya wageni, ambapo Garbo anazunguka akigusa vitu kimoja kimoja karibu bila neno. Mwongozaji Rouben Mamoulian aliliongoza kwa mdundo wa metronomu, kifaa cha kuhesabia mapigo ya muziki. Ni filamu bubu ndani ya filamu ya sauti, na ndilo bora kuliko mazungumzo yote ya humo. Grand Hotel ya 1932 ni kinyume chake: ishara kubwa za Garbo zinapigana na maneno, hata kwenye sentensi yake maarufu ya kutaka aachwe peke yake.

Upungufu mkubwa ni pengo la 1929. Seti inaruka kutoka The Mysterious Lady hadi Anna Christie, na The Kiss ya Feyder, filamu yake bubu ya mwisho, haimo. Imetolewa kando. Ukiipata, itazame kabla tu ya Anna Christie: miezi michache inazitenganisha, na mwongozaji ni yule yule wa toleo la Kijerumani.