Betri ya gari: nilivyozipanga, na kwa nini tarehe inashinda jina

Malalamiko ya betri yanayonifikia yanafanana mpaka nimechoka kuyasoma. "Dada, nimenunua betri mpya, ina jina kubwa, ina waranti, na bado asubuhi gari haliwaki." Muuzaji akiulizwa, jibu lake liko tayari kinywani: uliacha taa zinawaka, alteneta yako (ile inayochaji betri) mbovu, umefunga redio ya kishindo. Kuna siku husema kweli. Lakini nikimwomba mlalamikaji aipige picha betri yake pande zote, mara nyingi jibu linakuwa pale kwenye plastiki: betri "mpya" ilitoka kiwandani zaidi ya mwaka mmoja kabla ya kuuzwa.

Kwa hiyo mwongozo huu hautakufundisha ampea-saa ni nini. Kitabu cha gari kinakuambia ukubwa unaotakiwa, na betri ya zamani inakuonyesha umbo lake, mradi una hakika aliyeifunga hakubahatisha. Nakili namba yote, usiache hata herufi. Kwenye mfumo wa Kijapani, 55B24LS, kwa mfano, 24 ni urefu kwa sentimita, L ni upande ilipo nguzo chanya, na S ni nguzo nene badala ya zile nyembamba. Ukichukua R mahali pa L, waya hazifiki. Ukikosa ile S, vibano vinacheza kwenye nguzo na utazunguka kwa mafundi ukitafuta ugonjwa usiokuwepo. Basi, hayo yanatosha.

Sasa tarehe.

Betri ya kawaida ya volti 12 ina vyumba sita, kila kimoja kikitoa takriban volti 2.1, na ndani yake bamba za risasi zimezama kwenye asidi ya salfuriki. Gaston Planté aliibuni mwaka 1859 na kanuni yake haijabadilika: mara asidi inapokutana na bamba, kemia inaanza, uwe umeifunga kwenye gari au imekaa rafuni. Inajimwaga yenyewe polepole, asilimia chache kila mwezi. Joto linaharakisha mambo. Kila nyuzi 10 zinazoongezeka, kasi ya kujimwaga karibu inazidi mara mbili. Betri iliyopangwa dirishani ikipigwa jua ili wateja waione inakufa mbele ya macho ya hao hao wateja.

Kujimwaga kwenyewe si msiba, kwa sababu chaja ipo. Msiba ni kinachotokea betri ikibaki imemwagika. Bamba hujifunika salfeti ya risasi. Mwanzoni salfeti hiyo ni laini na chaji inaiyeyusha. Ikiachwa miezi, inageuka fuwele ngumu ambazo chaja haiziwezi tena, na sehemu ya bamba inakuwa imekufa. Ukifika nyumbani nayo itawasha gari vizuri kabisa. Itawasha wiki hii na mwezi ujao. Lakini umri wake umeshaliwa, na walioula ni watu wa dukani.

Ndiyo maana naiangalia tarehe kabla ya jina, kabla ya waranti, kabla hata ya bei. Kanuni yangu: chini ya miezi mitatu naichukua bila maneno mengi, kati ya mitatu na sita naipima kwanza, zaidi ya hapo muuzaji aiweke alipoitoa.

Tarehe haiandikwi kwa lugha ya kusaidia mnunuzi. Mtindo uliozoeleka ni herufi na tarakimu: A ni Januari, B ni Februari, na kuendelea hadi L ya Desemba, kisha tarakimu ya mwisho ya mwaka. C5 ni Machi 2025. Kampuni nyingine huruka I isije ikasomwa kama 1, na hapo Desemba inasogea kuwa M. Nyingine zina msururu mrefu wa namba ambao tarehe imefichwa katikati, kwa hiyo kabla ya kutoka nyumbani tafuta mtandaoni jinsi kampuni unayoitaka inavyoandika. Tafuta alama iliyochomwa kwenye plastiki yenyewe, juu ya kifuniko au ubavuni, maana hiyo haibanduki. Stika ya duara yenye rangi usiiamini sana. Inaweza kuwa inaonyesha siku betri iliposafirishwa au ilipochajiwa upya. Ukikuta lebo ya bei imebandikwa kwa ustadi juu kabisa ya alama iliyochomwa, ibandue. Mimi huibandua na simwombi mtu ruhusa.

Baada ya tarehe, mita. Mita ya kupimia volti ni kitu kidogo cha kutia mfukoni, nenda nayo. Betri iliyotulia na kujaa husoma 12.6 au zaidi kidogo. Ikisoma 12.4 imebaki robo tatu hivi, 12.2 ni nusu, na 12.0 ni karibu tupu. Betri mpya inayosoma chini ya 12.4 siinunui hata ikiwa na tarehe ya jana.

Kuna mchezo mmoja hapa. Ukipiga simu kwamba unakuja, betri inaweza kuwekwa kwenye chaja nusu saa, na mita yako itasoma 12.9 au hata 13. Hiyo ni chaji ya juujuu, haijaingia ndani ya bamba. Betri ya kawaida iliyotulia haisomi 13. Dawa yake ni kuiwekea mzigo: iunganishe na taa kubwa ya gari kwa dakika moja au mbili, izime, subiri kidogo, pima tena. Kama duka lina kile chombo cha kupimia ampea za kuwashia, vizuri zaidi, ila hakikisha kimewekwa kwenye kipimo kile kile kilichoandikwa kwenye betri. Vipimo vya SAE, EN na DIN, yaani viwango tofauti vya kupimia ampea hizo, havitoi namba moja kwa betri moja; namba ya DIN huwa chini sana kuliko ya SAE, na muuzaji mjanja anaweza kulifanya pengo hilo likufae au likuumize anavyotaka.

Nilivyozipanga, basi, kwa gari la kawaida lisilojizima lenyewe kwenye taa za barabarani.

Ya kwanza ni GS Yuasa iliyozibwa, isiyofunguliwa kuongezwa maji, ya kalisi. Ndiyo, napendelea, na sioni haya. Hizi ni kampuni mbili za Kijapani, moja ya mwaka 1917 na nyingine ya 1918, zilizoungana mwaka 2004. Herufi GS ni za Genzo Shimadzu. Wanatengeneza betri zinazofungwa kwenye magari mapya viwandani, na mtu anayeuza kwa kiwanda cha magari hawezi kuzoea ubabaishaji. Kalisi kwenye bamba ina faida inayonihusu hasa mimi mwenye ugonjwa wa tarehe: inajimwaga polepole kuliko zile za zamani za antimoni, kwa hiyo inastahimili rafu zaidi. Ubaya wake ni kwamba ikishamwagika kabisa ni ngumu kuifufua, chaja dhaifu haiifikishi popote. Hata hivyo upendeleo una mpaka. Yuasa ya miezi kumi na minne nitaiacha pale na kuondoka na Varta ya mwezi uliopita. Varta za magari, kwa wale wanaopenda kubishana majina, zinatoka kwa Clarios, ambayo ndiyo hiyo hiyo ya chapa ya Optima. Ubishi mwingi wa chapa ni ubishi wa stika.

Ya pili itawashangaza wengi: betri kavu, ile inayouzwa bila asidi ndani na kumiminiwa siku unayoinunua. Watu wanaiona ya kizamani. Kwangu ni suluhisho la tatizo lote nililolieleza hapo juu, kwa sababu saa yake haianzi kuhesabu mpaka asidi iingie. Masharti ni mawili. Asidi imiminwe mbele yako, kwenye betri ambayo vizibo vyake bado vina muhuri. Kisha iachwe bamba zinywe, kama nusu saa, na ichajiwe kabla ya kufungwa kwenye gari. Muuzaji anayemimina na kukukabidhi papo hapo anakuharibia. Ukiwa na haidromita, kipimo cha uzito wa asidi, asidi ya betri iliyojaa husoma kati ya 1.26 na 1.28. Baada ya siku hiyo ya kwanza utaongeza maji ya betri tu yaliyosafishwa, kamwe si asidi tena, wala si ya bomba. Kama wewe si mtu wa kufungua boneti, iache hii, utaisahau ikauke.

Ya tatu, AGM. Asidi yake imeshikwa ndani ya pamba ya kioo, inajimwaga polepole sana, inavumilia mtikisiko. Nimeiweka ya tatu kwa sababu ya bei tu, na kwa sababu gari la zamani halipati faida ya pesa hiyo. Lakini kama gari lako lilitoka kiwandani na AGM, sahau mpangilio wangu: rudisha AGM. Kuna magari, BMW likiwa mfano mmoja, yanayotaka pia kompyuta iambiwe kwamba betri imebadilishwa, la sivyo litaendelea kuichaji mpya kana kwamba ni kikongwe.

EFB, betri ya asidi ya majimaji iliyoboreshwa, ni ya nne. Imeimarishwa kwa magari yanayojizima na kuwaka mara kwa mara, na kwa gari la safari fupifupi za mjini si chaguo baya. Ila rafuni haina upole wa AGM, hivyo tarehe tena.

Za bei ya chini zisizojulikana zilikotoka: soma tarehe, ipime, kisha uamue. Zilizofufuliwa sizipangi kabisa.

Sasa niseme kuhusu bei, maana hapa ndipo ninapokasirika. Simu ya toleo la mwaka juzi hushushwa bei na kila mtu anaelewa kwa nini. Betri ya mwaka juzi inauzwa bei moja na ya wiki iliyopita, zimepangwa bega kwa bega, na anayekabidhiwa ile kongwe ni yule asiyeuliza. Muuzaji husukuma mbele mzigo wa zamani ili uishe. Namwelewa, ni biashara. Basi apunguze! Nikisema hivyo dukani naambiwa "mama, betri haiozi". Halafu kuna waranti. Soma ile karatasi ndogo: kuna wanaohesabu tangu siku ya kuuza, na kuna wanaohesabu tangu tarehe ya kiwandani, maana yake sehemu ya waranti yako imeisha kabla hujalipa. Dai risiti iandikwe tarehe ya leo na namba ya betri yenyewe. Asiyetaka kuandika namba amekueleza jambo.

Kubadilisha nyumbani hakuhitaji fundi. Zima gari, ufunguo utoke, vua pete na saa, vaa miwani. Kama redio yako ina namba ya siri, itafute kabla. Kwa magari mengi spana namba 10 inamaliza kazi.

Anza kufungua hasi, kisha chanya. Watu hukariri bila kujua sababu: bodi nzima ya gari imeunganishwa na hasi, kwa hiyo ukianza na chanya na spana ikagusa chuma, cheche zinaruka, na juu ya betri huweza kuwa na gesi ya haidrojeni. Ukishatoa hasi, spana iguse bodi inavyotaka. Legeza kishikizo cha chini, nyanyua kwa magoti wala si kwa mgongo, maana inaweza kufika kilo 15 na zaidi. Ule unga mweupe au wa kijani kwenye vibano uoshe kwa magadi yaliyochanganywa na maji, futa, ukaushe.

Ya kurudisha ni kinyume: kaza kishikizo, funga chanya, hasi mwisho. Kishikizo usikidharau. Betri inayorukaruka hupasuka bamba, na hakuna waranti itakayokulipa. Kama yako inakaa ndani ya gari au kwenye buti na ina kijibomba cha kutolea gesi, kiunganishe tena.

Washa gari, weka mita kwenye nguzo. Kati ya volti 13.8 na 14.7 hivi, alteneta inafanya kazi. Ikibaki 12 na kitu, betri haina kosa, na ni afadhali ujue leo kuliko kurudi dukani kupiga kelele wiki ijayo. Ikipanda hadi 15 na zaidi, rekebisha haraka, inaichemsha betri yako mpya.

Imebaki ile ya zamani. Usiitupe jalalani, risasi na asidi ni sumu. Na usiiache kaunta kwa "tutakusaidia kuitupa, mama". Risasi iliyomo ndani huyeyushwa na kutengenezwa betri nyingine, na anayejitolea kukusaidia anajua kilo moja inauzwaje. Muulize kwanza anakupunguzia kiasi gani kwenye mpya, na kama hapunguzi, ipakie kwenye gari uende nayo kwa mnunuzi wa vyuma.