Rapa wa andagraundi: abaki Nakuru ama ahamie Nairobi?
Wasee, hii swali hunisumbua sana. Ukibaki Nakuru, kodi ya mtaa kama Kaptembwa unaimudu, studio iko kwa keja ya beshte, mtaa unajua mistari yako hata kabla urekodi, na ukirap kuhusu mtaa wa Rhonda watu wanaelewa bila kuelezwa, hiyo naipenda kuliko kitu yoyote. Shida ni shoo, ni chache na malipo mara mingi ni nauli tu. Nairobi, kama kilomita 160 hivi, ndio kuna redio kubwa na mapromota, na historia pia, lile kundi la rap Kalamashaka si walitoka Dandora, mtaa wa huko Nairobi. Lakini huko unaanza ziro, kodi inakula pesa ya studio. Mi naona ubaki Naks umalize albamu kwanza, alafu Nairobi uende na matatu ya asubuhi, upafomu, urudi.