Jahazi la babu na kijana wa kaunta

Nimekaa na jambo hili siku kadhaa nikisubiri hasira ipoe ndipo niandike. Haijapoa, basi naandika nayo.

Kuna kituo kimoja cha kompyuta na gemu hapa Mtwara mjini. Jina lake sitalitaja, wenyewe wakisoma watajijua. Mlangoni wamebandika tangazo kwamba unalipia kwa saa, mashine zao zina nguvu, na kama una chombo ulichokiunda mwenyewe nyumbani watakuingizia kwenye gemu kwa shilingi 5,000. Tangazo hilo ndilo lililonipeleka.

Mimi ni mwalimu wa fizikia, nafundisha sekondari upande wa Mikindani. Nina laptopu ya mtumba na nina gemu moja ninayoipenda kuliko zote, Kerbal Space Program, ya kuunda vyombo vya anga na kuvirusha, iliyoundwa Mexico na kampuni ya Squad, na toleo lake kamili likatoka mwaka 2015. Sijawahi kuona kifaa cha kufundishia kinachoifikia. Ubaoni unaweza kuchora mzunguko wa satelaiti mpaka chaki ikuishie, mtoto bado anaamini roketi inapanda juu, juu, juu, halafu inaelea. Kwenye gemu hii akipanda wima tu anarudi chini kama embe. Lazima alaze chombo ubavu, akimbilie pembeni, mpaka afikishe kama mita 2,300 kwa sekunde, ndipo anaanguka bila kuifikia ardhi. Na kwa kuwa sayari ya gemu hii, Kerbin, waliifanya ndogo, nusu kipenyo chake kilomita 600 tu wakati Dunia yetu ina 6,371, hewa inaisha kwenye kilomita 70 na safari nzima ya kupanda haichukui hata kipindi kimoja cha darasa. Mwaka huu kuna wasichana wawili kidato cha pili walioelewa mvutano wa dunia kwa njia hiyo, na mmoja wao alikuwa ameshakata tamaa na somo.

Sasa chombo chenyewe. Babu yangu mzaa mama alikuwa fundi wa majahazi. Nimekua nikimwona akilaza mkuku, ule mti mrefu wa chini kabisa, anasimamisha mataruma, mbavu za chombo, moja moja, anaziba kwa pamba na mafuta, na mpaka leo nikisikia harufu ile moyo unanirudi utotoni. Msimu mzima wa mvua uliopita, kila usiku baada ya kusahihisha, nilikuwa naunda jahazi lake kwa vipande vya gemu. Mkuku nimeunga kwa maboriti. Mataruma nimeyapinda kipande kwa kipande. Mlingoti upo, foromali ya kufungia tanga ipo, na tanga la pembe tatu nimelitengeneza kwa paneli za sola 48 ili liwe tanga kweli, lichote jua badala ya upepo. Marubani wanakaa omo, mbele, na injini ziko tezi, nyuma. Jumla vipande 214. Na niliangalia sana nisitumie kipande chochote cha nyongeza au cha kununua, kwa sababu chombo chenye kipande ambacho gemu ya mwenzako haina, hakifunguki kwake kabisa.

Tatizo ni laptopu yangu. Kwa vipande 214 inachoka. Ile saa ya gemu, juu kushoto mwa skrini, ambayo mambo yakiwa sawa ina rangi ya kijani, kwangu inageuka njano halafu nyekundu, na sekunde moja ya gemu inakuwa tatu nne za kwetu. Diski nayo imeanza kugonga, kwa hiyo kazi zangu zote nilikuwa nimezihamishia kwenye flashi. Naomba neno hilo mlishike. Zote.

Basi Jumamosi moja nikachukua wanafunzi sita, tukapanda daladala. Umeme ulikuwepo, jua halikuwa kali, watoto wana furaha. Tukafika, nikalipa saa moja, nikalipa na 5,000 ya kuingiza.

Kwa asiyejua, kazi hiyo ni ndogo mno. Chombo ulichokiunda kinakaa kwenye faili moja lenye mkia wa .craft, na ndani yake ni maandishi matupu: jina la chombo, toleo la gemu, kisha kila kipande na namba yake, mahali kilipo, kilivyogeuzwa, kimeshikana na kipi. Unalinakili faili, unaingia folda ya saves, unafungua folda ya mchezo wenu, kisha Ships, kisha VAB kama ni chombo cha kurushwa wima au SPH kama ni cha kukimbia kwenye njia ya ndege. Unalibandika. Nusu dakika, imeisha.

Kijana wa kaunta alichomeka flashi yangu, akalibofya faili mara mbili. Kompyuta ikamuuliza alifungue kwa programu gani, akachagua Word. Zikamwagika namba kurasa kwa kurasa.

"Dada, faili lako lina virusi."

"Hapana mdogo wangu, ndivyo lilivyo. Usilifungue, linakili tu, nitakuonyesha folda."

Hakunitazama. "Dada, hizi ndizo kazi zetu kila siku." Akalihifadhi kama waraka wa Word, akalitupia kwenye folda, akaendelea kubofya vitu nisivyoviona kwa sababu skrini ameigeuzia kwake. Baada ya muda akanirudishia flashi. "Nimekusafishia na flashi, ilikuwa chafu sana."

Nimekusafishia. Nilihisi ubaridi unanishuka mgongoni. Niliichomeka kwenye mashine niliyopewa: tupu. Ameifuta yote. Notisi zangu, picha za mazishi ya babu, maksi za kidato cha pili za muhula mzima, vyote. Na kwenye gemu jahazi halipo, kwa sababu gemu inatafuta .craft, yeye ameweka kitu kingine.

Nilirudi kaunta nikamweleza kwa upole, mbele ya wanafunzi wangu siwezi kupiga kelele. Nikamwomba aniruhusu nilifungue lile la Word nilirudishe kuwa maandishi matupu. Akasema mteja haruhusiwi kugusa mafaili. Nikamwambia basi fanya wewe, nitakuelekeza. Akasema faili lilikuwa bovu tangu nyumbani. Nikamwuliza, ulijuaje ni bovu na hujui ni la nini? Ndipo akasema, kwa sauti ya kusikika mpaka nje: "Mwalimu mzima na watoto wa watu, mmefunga safari kuja kulilia boti la katuni."

Boti la katuni.

Mimi watu wameshanitukana, nafundisha miaka tisa sasa. Lakini lile ni jahazi la babu, kila taruma nililiweka nikikumbuka mkono wake, na mtoto wangu mmoja wa darasani aliinamisha kichwa kana kwamba ametukanwa yeye.

Aliyetuokoa ni binti mmoja mfanyakazi wa palepale, nadhani bado anajifunza kazi. Alinisogelea taratibu, "Madam, njoo huku," akanipa kiti chake. Nikalifungua la Word, nikalihifadhi upya kama maandishi matupu, nikaliita Jahazi.craft. Gemu bado hailioni. Hapo nusura nilie kweli. Kumbe kompyuta ilikuwa imelibandikia mkia mwingine kwa siri, likawa Jahazi.craft.txt, na mkia huo umefichwa hauonekani. Nikaamuru mikia yote ionyeshwe, nikaukata wa mwisho, nikafungua orodha upya. Likatokea, na kapicha hakuna, jina tu. Nikabofya. Mlingoti, foromali, tanga, vyote 214, hakuna kilichopungua. Wanafunzi walipiga makofi mpaka watu wa mashine nyingine wakaja kuangalia. Kamba ilikuwa imebakia uzi mmoja, na uzi huo haukukatika. Mwanafunzi mmoja hakungoja kuambiwa, alichomeka waya wa simu yangu akalinakili pale pale.

Hapa lazima niseme ukweli: mashine zao ni nzuri. Nilirusha jahazi zima na ile saa ikabaki kijani tangu chini. Sijawahi kuliona likienda hivyo, laini, tanga limekunjwa, moshi mweupe nyuma. Tukalaza ubavu kwenye kilomita kumi, watoto wanasoma namba kwa sauti. Elfu ishirini. Elfu thelathini. Kwa dakika zile nilikuwa tayari kusamehe, kwa dhati kabisa, nikajisemea kituo hiki ni kizuri ila kina mtu mmoja mbaya, na mtu mmoja hawezi kuwa ndiye kituo.

Kwenye mita elfu arobaini na moja skrini ikafunga. Muda umeisha.

Dakika thelathini na kitu za saa ile aliziharibu yeye. Nilimwomba dakika tano tu za kufika kwenye mita elfu sabini, nikamwambia nitalipia. Akasema mashine ina mtu mwingine. Mtu huyo hakuwepo. Kiti kilikuwa kitupu tulipotoka, na kilikuwa kitupu tulipopita tena kwenda stendi, niligeuka nikaangalia makusudi. Na ile 5,000 ya kuingiza haikurudi, japo aliyeingiza ni mimi.

Nilipofika nyumbani nilishaandika kichwani: nyota moja, na hiyo ni ya yule binti.

Halafu mzee mwenye kituo akanipigia. Namba alipewa na huyo binti. "Mwalimu, shikamoo ya kazi, nakuomba radhi kwa niaba ya kijana." Ni mtu mzima kuliko mimi na ananipa heshima ile, niliona haya hata kulalamika. Akasema nirudi na watoto siku yoyote, saa mbili bure. Nikalainika. Nikawa nimeamua kuwaandikia hivi: nendeni, mashine nzuri, mwenye mali muungwana, ila ingieni na nakala mbili na msimpe mtu flashi mkononi.

Tunaagana, akaongeza: "Lakini vijana wananiambia flashi kweli ilikuwa na virusi, mwalimu. Ulikuwa msaada tu."

Msaada. Basi hapana. Msiende. Kama baada ya yote hayo neno ni msaada, basi kesho ataisafisha na yako, na keshokutwa ya mama aliyeleta barua ya mirathi ya kuchapa. Watoto wananiuliza kila siku, Madam, turudi lini tulifikishe? Nawajibu nitaona. Saa mbili za bure si kitu kidogo kwao, na mimi sina mashine nyingine ya kulibeba jahazi lile. Huenda nikarudi. Nikirudi nitakaa kwenye kiti cha yule binti, na kijana wa kaunta asinisogelee.

Jahazi liko kwenye simu yangu na kwenye flashi mbili mpya. Maksi za kidato cha pili nimeanza kuzikusanya upya kutoka kwenye karatasi walizorudi nazo nyumbani, wengine wameshazifungia vitabu. Mpaka jana usiku zilikuwa zimebaki 63.