Chichén Itzá kwa siku moja: uzoefu wangu, na saa nzima iliyoliwa dukani

Nawaandikia hasa ndugu zangu mlioko Marekani, ambao mzazi akija kutoka nyumbani mnamzungusha madukani wiki mbili mpaka anaanza kuulizia tarehe ya kurudi. Mimi nakaa Houston. Mama alikuja kutoka Tanga mwezi wa pili, nikaona tukakae siku nne Cancún, Meksiko, saa mbili na ushei kwa ndege. Viza haikutusumbua. Mimi nina grini kadi, yeye ana viza ya Marekani ambayo bado haijaisha, na Meksiko inapokea vyote viwili bila kudai viza yake.

Siku moja tuliitoa kwa safari ya kuongozwa: magofu ya Wamaya ya Chichén Itzá, kuogelea kwenye senote (kisima cha asili ndani ya mwamba), chakula cha mchana, na kupita mji wa Valladolid. Kampuni siitaji jina. Nawapa nyota tatu kati ya tano, na mbili kati ya hizo ni za mwongoza watalii, si za kampuni.

Nianze na pesa, maana ndipo damu ilipoanza kunichemka. Tangazo lilisema dola 59 kwa kichwa, kila kitu kimo. Tumeshakaa kwenye basi, milango imefungwa, akapita kijana na mashine ya kadi kukusanya "kiingilio na kodi". Kiingilio chenyewe ni cha kweli: mgeni hulipa mafungu mawili, la serikali kuu na la jimbo la Yucatán, na yakijumlishwa yanapita peso 600. Sina ugomvi na hilo, magofu yanahitaji kutunzwa. Ugomvi wangu ni kulificha mpaka abiria hana pa kutokea. Ulizeni kabla ya kulipa: je, kiingilio kimo au hakimo? Wakizungukazunguka, hakimo.

Sasa suala la saa. Cancún iko jimbo la Quintana Roo, Chichén Itzá iko jimbo la Yucatán, na tangu 2015 Quintana Roo hutangulia kwa saa moja. Maana yake ukitoka Cancún asubuhi kuelekea magharibi, ukivuka mpaka wa majimbo unarudishiwa saa nzima bure. Njia ni kama kilomita 200, barabara nzuri ya kulipia, saa mbili na nusu. Geti la magofu hufunguliwa saa mbili asubuhi. Kwa hesabu hiyo, basi likiondoka mapema mnafika jua halijakomaa na umati haujajaa.

Sisi tulichukuliwa hotelini saa moja kasorobo, tukazungushwa hoteli nyingine tano, tukashushwa kwenye kituo chao kubadilisha basi, na Cancún tuliiacha saa mbili na nusu. Haya, bado tuna ile saa ya bure. Ile saa ya bure ilikwenda wapi? Dukani. Tulisimamishwa kwenye "kijiji cha utamaduni" ambacho ni ghala la vinyago na fedha, na jina lako utaandikiwa kwa maandishi ya Kimaya kwenye kipande cha ngozi ukitoa dola. Dakika sitini kamili. Mama, ambaye amefanya biashara ya vitenge miaka mingi, alitazama zile bei mara moja akasema, "Hapa dereva ana chake." Tukakaa nje kwenye kivuli. Tulifika getini saa tano, jua la utosi, mabasi yamepangana kama kituo cha Ubungo cha zamani siku ya sikukuu.

Basi hapo ndipo mwongozaji wetu alipotuokoa. Ni mzaliwa wa kijiji cha jirani, na lugha yake ya kwanza ni Kimaya. Mama alitaka kwanza ajue wanasalimianaje, maana mtu wa Tanga haanzi mazungumzo kavukavu. Akamfundisha: *Bix a beel?* Tafsiri yake neno kwa neno ni "njia yako ikoje?", na unajibu *ma'alob*, njema. Mama alilipenda hilo kupita piramidi. Kuanzia hapo kila mchuuzi tuliyempita alisalimiwa kwa Kimaya, na bei zikashuka bila kuombwa. Wachuuzi ni wengi mno humo ndani, kila njia, na wanauza filimbi inayonguruma kama chui wa huko. Mara ya kwanza unaruka. Mara ya hamsini unatamani kurudi basini.

Piramidi yenyewe, El Castillo, ina urefu wa karibu mita 30 ukihesabu na hekalu la juu. Ngazi ni 91 kila upande. Pande nne zinakupa 364, ongeza kidato cha hekaluni unapata 365. Mwaka wa Wamaya ulikuwa na miezi 18 ya siku ishirini ishirini, kisha siku tano za nuksi mwishoni. Walihesabu kwa ishirini, na sifuri walikuwa nayo. Siku za mlingano wa usiku na mchana, mwezi wa tatu na wa tisa, kivuli hushuka ubavuni mwa ngazi kikawa kama nyoka, mpaka kikutane na kichwa cha nyoka cha jiwe kilichoko chini. Sisi hatukuwa na bahati ya tarehe, lakini mwongozaji alitusimamisha mbele ya ngazi akapiga kofi moja, na mwangwi ukarudi si kama kofi bali kama mlio wa ndege, kwi! Wanaufananisha na kwetsali, ndege wao mtukufu. Watu wazima arobaini tukabaki tunapiga makofi kama watoto wa chekechea.

Kupanda hairuhusiwi siku hizi, msidanganywe na picha za zamani.

Uwanja wa mpira una urefu wa mita 168, na pete za mawe ziko juu ukutani kiasi kwamba unajiuliza mpira mzito wa utomvu wangeupitishaje pale bila kutumia mikono. Pembeni kuna ukuta uliochongwa mafuvu, safu kwa safu. Vyote hivyo tulivipita mbiombio. Muda ulibaki mchache na kila mtu alitaka kufika kisimani.

Jina Chichén Itzá lina maana ya "kwenye mdomo wa kisima cha Waitza". Kisima chenyewe ni shimo kubwa la duara, kama mita 60 kutoka ukingo hadi ukingo, maji ya kijani kule chini, kuta zimesimama wima. Humu hakuogelewi. Humu ndimo walimotupa sadaka kwa Chaac, mungu wa mvua: dhahabu, mawe ya thamani ya kijani, ubani, na watu. Mama alisikiliza tafsiri yangu akaitikia kwa neno moja: "Mzimuni." Sisi wa Tanga tunayo mapango ya Amboni, na watu bado hupeleka vyao kule, kwa hiyo halikumshangaza. Kilichomkera ni habari ya Edward Thompson, konsuli wa Marekani aliyenunua shamba lenye magofu yote hayo, akaanza kukikwangua kisima mwaka 1904 na kupeleka alivyovipata kwenye makumbusho ya Peabody, Harvard. Baadhi vilirudishwa baadaye. "Kama mjusi wetu wa Tendaguru," mama akasema, yaani yule dinosaria ambaye mifupa yake Wajerumani waliipeleka Berlin, "ila yeye hata mguu hajarudishiwa."

Pale kisimani ndipo kulipozuka kizaazaa. Tuliambiwa tuwe basini ifikapo saa saba. Mama anavaa saa ya mkononi, na saa hiyo ilikuwa bado ya Cancún. Akaiangalia, akaona saa nane kasoro dakika tano. "Mwanangu, basi limetuacha!" Akakamata baibui lake akaanza kukimbia kwenye vumbi, mimi nyuma namwita, wachuuzi wanamshangilia. Tulifika basini wa kwanza.

Chakula kilikuwa cha kujipakulia. Waislamu kaeni macho: chakula maarufu cha huko, cochinita pibil, ni nguruwe, na bakuli halikuandikwa. Kuna kuku aliyepikwa vilevile. Wanamkandika mzingefuri na maji ya madanzi, wanamfunga jani la mgomba na kumfukia kwenye shimo la moto. Mama alitambua kila kiungo. Pilipili yao ya habanero ni ndugu wa pilipili mbuzi, tulielewana nayo.

Halafu senote. Ik Kil iko kilomita tatu hivi kutoka magofuni. Kaskazini ya Yucatán haina mito juu ya ardhi. Mwamba ni wa chokaa, mvua inapenya na kutiririka chini kwa chini, na dari la pango likichoka linaporomoka, ndipo tundu la maji linapozaliwa. Mwongozaji alituambia pia habari ya kimondo cha Chicxulub, miaka milioni 66 iliyopita, ambacho kingo za shimo lake zinafuatwa na mstari wa senote kama shanga. Nililisikia sikio moja, maana nilishaona maji.

Kabla ya kushuka lazima uoge, na mwilini kusiwe na losheni wala mafuta. Mama alikuwa amejipaka mafuta ya nazi toka alfajiri. Alirudishwa bombani mara mbili. Jaketi la kuelea ni lazima hata kama ni mvuvi. Ngazi zimechongwa kwenye mwamba, zimelowa, na unashuka kama mita 26. Mwenye magoti mabovu afikirie kupanda kabla ya kushuka. Kule chini ukiinua macho unaona duara la anga, na mizizi mirefu inaning'inia toka juu mpaka kugusa maji, na matone yanadondoka kwenye mwanga. Maji ni ya baridi lakini hayaumi. Kambare weusi wanapita miguuni, hawana habari na mtu. Mama, ndani ya vazi lake la kuogelea la stara, alilala chali juu ya maji akafumba macho, akawa haitiki.

Tulipewa dakika hamsini, na kuvua, kuoga, foleni ya jaketi na kupanda vyote vimo humo. Majini tulikaa ishirini. Valladolid tulishushwa dakika ishirini na tano, tukaona kanisa la San Servacio kwa nje, tukala aiskrimu ya koni, tukarudishwa ndani. Ukitazama ile saa ya dukani kwa jicho hilo, inauma.

Kesho yake asubuhi mama aliniuliza nauli ya kwenda kule kwenye maji peke yake, bila wale watu wa basi. Tulipanda basi la kawaida la ADO kutoka Cancún mpaka Valladolid, tukatembea mitaa michache kutoka bustani ya katikati ya mji mpaka senote ya Zací, ambayo iko mjini kabisa, katikati ya nyumba za watu. Tulikaa hadi vidole vikakunjamana.