Daluga za Stanley Matthews, saizi 4: nyota tatu kati ya tano

Karatasi iliyofungwa kwenye kamba za viatu iliandikwa hivi: viatu alivyovaa Stanley Matthews, miaka ya 1950, pauni 95. Niliingia kwenye duka lile la vitu vya kale hapa Stoke-on-Trent, Uingereza, kukimbia mvua tu. Jina la duka silitaji, maana sitaki ugomvi na mtu ninayepita mlangoni kwake kila siku.

Mimi ni fundi viatu. Kazi nilifundishwa na mjomba wangu Ngamiani, Tanga, na huku ninabadilisha soli na visigino kwenye kibanda ambacho wateja wawili wakiingia, wa tatu anasubiri nje. Kiatu siangalii sura, nakipindua kwanza. Nilipopindua hivi, nikakuta 4 imegongwa kwenye soli. Saizi 4 ya Kiingereza, 37 yetu. Nikamwuliza mwenye duka kama Matthews, mwanasoka maarufu wa enzi hizo, aliwahi kuvaa viatu vya mtoto. Akacheka, akasema ngozi ya zamani inasinyaa. Ni kweli inasinyaa, lakini namba iliyogongwa kwenye soli haisinyai ikatoka 8 ikawa 4! Nikampa ofa ya 60, tukakutana kwenye 70. Karatasi yake nilimwachia.

Nilijua ninachonunua. Miaka ile Co-op, ushirika wenye maduka nchi hii, waliuza daluga zenye jina la Matthews, zilizotengenezwa kiwandani kwao Heckmondwike, Yorkshire, na watoto wa nchi hii walizililia kama watoto wa leo wanavyolilia jezi ya Messi. Daluga zake mwenyewe zilikuwa kitu kingine. Baada ya kwenda Kombe la Dunia la 1950 Brazil na kuona viatu vyepesi vya Wamarekani Kusini, alitaka vya kwake viwe vyepesi hivyo hivyo. Akashonewa vya ngozi nyembamba, ambavyo havikudumu mechi nyingi. Vile havikuwa vya kuuzia mtoto ambaye mama yake anataka jozi moja ikae misimu miwili.

Kwa vijana wasiomjua: Matthews alikuwa namba 7, winga wa kulia, mtoto wa kinyozi-bondia wa hapa Hanley. Alianza kuchezea Stoke City mwaka 1932 akiwa na miaka 17, akauzwa Blackpool mwaka 1947 kwa pauni 11,500, na Ballon d'Or ya kwanza kabisa, tuzo ya mchezaji bora wa Ulaya, ya 1956, alipewa yeye akiwa na miaka 41. Mwaka 1961 Stoke wakamrudisha nyumbani ana miaka 46, timu iko daraja la pili na viwanja vitupu; uwanja ulioingiza watu elfu nane na kitu ukaingiza karibu elfu 36 siku aliyorudi. Mechi yake ya mwisho ya ligi aliicheza Februari 1965, dhidi ya Fulham, akiwa na miaka 50 na siku tano. Ndipo akatundika daluga. Alikuwa hanywi pombe, havuti, Jumatatu anafunga kula. Na katika miaka yote hiyo hakuna mwamuzi aliyeandika jina lake kwenye daftari.

Watu wanapenda kusimulia fainali ya Kombe la FA ya 1953, Blackpool walipotoka nyuma 3-1 wakaifunga Bolton 4-3. Wanaiita fainali ya Matthews, ingawa mabao matatu yalikuwa ya Stan Mortensen na la ushindi alilifunga Bill Perry, kijana wa Johannesburg, kwa pasi ya Matthews. Nami naongeza kitu ambacho wazee wa hapa hawapendi kukisikia: beki wa kushoto wa Bolton, Ralph Banks, alikuwa amebanwa misuli anachechemea. Lakini chenga ni chenga. Tena kila beki aliijua: anakuletea mpira taratibu mpaka mguuni, anaegemea kushoto kama anaingia ndani, ukimfuata tu anauchota kwa upande wa nje wa mguu wa kulia, huyoo pembeni ya chaki. Kuijua hakukumsaidia mtu.

Sasa bidhaa yenyewe. Niliiweka kwenye mizani ya jikoni: cha kulia gramu 430, cha kushoto 415 kwa sababu kimepoteza njumu moja. Daluga za binti yangu, saizi hiyo hiyo, gramu 180. Shingo ya kiatu inafunika kifundo. Pua ni ngumu, ukiigonga mezani inalia kama mlango. Njumu ni vipande vya ngozi vilivyopangwa kimoja juu ya kingine na kupigiliwa misumari mitatu. Ukipitisha kidole ndani unazisikia ncha mbili zimeanza kuchomoza. Aliyevivaa aliumia. Sahihi ya Matthews iligongwa ubavuni kwa rangi ya dhahabu, na dhahabu hiyo imebaki kwenye herufi za mwanzo tu. Chini ya ulimi, kwa wino, kuna herufi mbili za jina la mtoto.

Ushonaji sina la kusema. Uzi umepakwa nta, mishono imekaa karibu karibu, soli haijaachia popote.

Usiku nikampigia mjomba kwa video.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba mpwa. Weka kwenye mwanga. Hapana, usinionyeshe juu, nionyeshe ubavu wa kulia."

Nikakigeuza. Kiatu cha kulia kimechunika upande wa nje, pale kidole kidogo kinapokaa, mpaka uzi wa mshono umekatika sehemu nne. Upande wa ndani, ambako watoto wengi wanapigia pasi, ngozi karibu nzima. Cha kushoto soli imelika ukingo wa ndani, na njumu iliyong'oka ilikuwa hapo hapo.

"Huyo mtoto alikuwa na mchezo mmoja tu," mjomba akasema. "Anasukumia kushoto, anatokea kulia. Kutwa nzima."

Mjomba hajui lolote kuhusu Matthews.

Kwa hiyo nyota zangu: duka nyota moja, kwa ile karatasi, viatu nyota tano, wastani tatu. Ukitaka kuchezea, usinunue, mguu utakulaani. Ukitaka alichovaa Matthews mwenyewe, dai ushahidi wa maandishi, na kabla hujatoa pochi pindua kiatu usome namba. Ila ukiwa mtu wa ngozi na sindano kama mimi, pauni 70 si hasara.

Nimezipaka mafuta mara mbili na misumari nimeirudisha ndani. Njumu ya kushoto nitaichonga mwenyewe Jumapili. Ile mishono minne iliyokatika kwenye cha kulia sijaigusa. Binti yangu ameuliza kama anaweza kuzijaribu uwanjani. Nimemwambia avae soksi mbili.