Gemu za zamani kwenye mashine za mkononi: msiulize tu kama inacheza, ulizeni inaonekanaje

Mwezi uliopita nilinunua mashine ya gemu ya mkononi, mtumba lakini safi, ina kioo kikubwa mpaka nikajisikia tajiri. Muuzaji akaniambia "dada hii inacheza zote za zamani, wewe chomeka tu". Na kweli inacheza, sitamsingizia. Nikachomeka kaseti yangu ya miaka hiyo, muziki ukaanza, nikajiandaa kutoa machozi ya utotoni, yakanitoka ya macho kuuma. Herufi zina ukungu, kila kitu utadhani nakiangalia kupitia mfuko wa nailoni. Nikafuta kioo, nikafuta miwani, wapi.

Kwa hiyo leo habari za betri na uzito na rangi siziongelei, hizo mnazijua wenyewe. Nina jambo moja tu na nitalisema mpaka mchoke.

Gemu ya zamani ilichorwa nukta kwa nukta (nukta ndo hizo pikseli), kwa skrini ya saizi yake. Chukua Nintendo DS, mashine ya mkononi ya Nintendo, skrini yake ni pikseli 256 kwa 192. 3DS, mrithi wake iliyotoka 2011, inasoma kaseti za DS bila shida, ila skrini zake zina pikseli 240 kwenda juu, so picha inavutwa kutoka 192 mpaka 240, maana yake kila nukta inatakiwa iwe nukta moja na robo. Haya, hiyo robo unaichora wapi? Hakuna pa kuichora, mashine inachanganya rangi za nukta za jirani, na huo mchanganyiko ndo ukungu wenyewe. Ingevutwa mara mbili kamili au mara kumi kusingekuwa na neno, nukta moja inageuka nne au mia na mistari inabaki imenyooka. Mchawi ni robo na nusu.

Nimepanga mashine kwa hesabu hiyo, na nakiri mapema mi ni mtu wa Nintendo tangu sijajua kusoma, wa Sony mnivumilie.

Namba moja DS Lite ya 2006, na sibishani na mtu. Gemu za DS ziko nyumbani kwao, halafu chini kuna tundu la pili la kaseti za Game Boy Advance (GBA), na hapo ndo napenda akili ya waliotengeneza: picha ya GBA ni 240 kwa 160, wao hawakuivuta hata kidogo, wameiacha saizi yake katikati na weusi mwembamba pembeni, pikseli 8 kila upande, 16 juu na 16 chini. Inakata kama wembe. Ubaya wake upo, kaseti za Game Boy ya kwanza na Game Boy Color haisomi, gemu za GBA huwezi kucheza na mwenzako kwa waya, na bawaba ya kulia inapenda kupasuka, fungua funga ukiwa unaiangalia. Na usije ukadanganyika na DSi kisa ni mpya zaidi, kwenye DSi tundu la GBA lilitolewa, kwa hiyo hata wale wa gemu za DS za Pokémon Diamond na Pearl wanaotaka kuhamisha Pokémon wao kutoka kaseti za GBA wamekwama, maana ule uhamisho unataka kaseti zote mbili ziwe ndani kwa pamoja.

Ya pili, inaniuma kusema, ni PS Vita ya Sony, inayocheza gemu za PSP iliyoitangulia. PSP ilikuwa 480 kwa 272, Vita ni 960 kwa 544, piga hesabu mwenyewe, mara mbili kamili, aliyekaa akapanga hivyo apewe maua yake. Shikilia kidole kwenye skrini gemu ya PSP ikiwa inaendelea, itakuja menyu, zima ile ya kulainisha picha. Tatizo diski za PSP, zile za UMD, hazina pa kuingia, zile zako za zamani zinabaki pambo la kabati, unacheza zile za kudaunlodi tu, na memori kadi zake ni za kwake peke yake, hakuna kadi nyingine inayoingia, na wanaoziuza wanajua hilo ndo maana wanakukazia bei.

Analogue Pocket ni ya tatu. Game Boy ilikuwa 160 kwa 144, hii ni 1600 kwa 1440, mara kumi bila chenji, na inasoma kaseti halisi za Game Boy, Color na Advance. Ingekuwa ya kwanza ila bei yake inahitaji kikao cha familia.

Halafu 3DS. Msikimbie kabisa, kuna njia: unapofungua gemu ya DS shikilia kitufe cha Start au Select mpaka iwake, picha inarudi saizi yake ya asili. Inakuwa ndogo, ila imenyooka. Mi niliijua baada ya wiki mbili za kulalamika. Kwenye 3DS XL, ile ya kioo kikubwa, ukungu unaonekana zaidi kwa sababu pikseli ni zilezile zimetandazwa tu, kubwa sio bora jamani.

Switch 2 inacheza karibu gemu zote za Switch ya kwanza, Nintendo wenyewe wanatoa orodha ya zenye matatizo, isome. Lakini ukiwa umeishika mkononi, gemu ya zamani ya pikseli 720 kwenda juu inatandazwa kwenye kioo cha 1080. Moja na nusu. Mchawi wetu karudi. Zilizoletewa sasisho zimepona, nyingine utazoea.

Zile za bei chee zenye gemu elfu kumi ndani: hazina hata tundu la kaseti. Tuendelee.

Sasa wauzaji. Hivi kwa nini mnapiga picha mashine ikiwa imezimwa? Nitaonaje ukungu kwenye kioo cheusi? Nikiomba video ya gemu ikiwa inacheza najibiwa "ipo fresh dada", nikiomba tena kimya, na bei kesho yake imepanda eti kuna mtu mwingine anaitaka. Na kaseti feki za GBA ndo usiseme, unacheza siku tatu unaseivu vizuri, ya nne unakuta umerudi mwanzo kama hujawahi kuishi. Chungulia kwenye meno ya kaseti, zile pini za chuma zinazoingia kwenye mashine, ya halisi ina neno Nintendo limeandikwa kwenye bodi juu ya meno. Nilimwambia mmoja anitumie picha ya meno akaniuliza kama mi ni daktari.