Kuwafundisha watoto wa shule hatari za moto na volkano mjini Goma, Kongo: shindano la mabango ya maonyo ya moto au matembezi kwenye lava (mawe ya volkano yaliyoganda)?
Bango linataka karatasi na kalamu za rangi tu. Mpe kila mtoto onyo moja, herufi ziwe za sentimita 5 zisomeke toka nyuma ya darasa. Kosa la kawaida: ndimi za moto zinajaza karatasi, la kufanya halionekani. Afadhali wachore mkono ukifunika kwa kifuniko sufuria ya mafuta yanayowaka. Maji huyarusha kila upande.

Matembezi kwenye lava ya Januari 2002, iliyotoka volkano ya Nyiragongo ikapasua mji hadi Ziwa Kivu, hukaa zaidi akilini. Jiwe lake linachana ngozi: viatu vigumu, si kandambili. Msiwaruhusu washuke mashimoni. Humo hutuama mazuku, gesi ya kaboni dioksidi, nzito kuliko hewa, haina harufu, na inaua.

Wadogo wachore tu. Wakubwa waende kwanza, wachore wakirudi.